Jirani anafukia mto, mume wangu anasema ninyamaze maana na sisi tumejenga ukingoni

Shikamoo mjomba,

Nasoma majibu yako siku nyingi ila sikuwahi kufikiria kama na mimi nitaandika, leo nimeshindwa. Jina langu naomba usilitaje.

Nyuma ya nyumba yetu kuna mto. Si mkubwa, kiangazi unauvuka kwa kuruka mawe hata kiatu hakilowi, lakini mvua zikija unajaa mpaka usiku unasikia mawe yanagongana huko chini. Tangu tuhamie hapa miaka tisa iliyopita watu wanapita ukingoni, kuna njia ya miguu kabisa inaenda mpaka darajani, watoto wanacheza pale. Sasa upande wa pili kuna mtu kanunua. Mwanzo aliweka fensi ya mabati tukaona sawa ni kwake, alafu zikaanza kuja tipa za kifusi usiku, kwanza mbili, saivi nne tano kwa usiku mmoja, zinamwaga ukingoni na asubuhi tingatinga linasukuma kuelekea majini. Mjomba nakwambia mto umebaki nusu. Ile njia ndo imekufa, watu wanazungukia barabarani.

Nilimfuata kistaarabu kabisa akanitolea hati. Nikaisoma, kweli ina jina lake na mchoro, na mchoro unaonesha kiwanja chake kinaingia mpaka katikati ya mto, matumizi imeandikwa makazi na biashara. Akaniambia dada huu sio mto ni mtaro, mto wenyewe ulishahama zamani, mimi nina karatasi wewe una nini? Nikakosa la kusema nikarudi nyumbani.

Ofisi nimezunguka wiki tatu. Watu wa mazingira wanasema nenda maji, maji wanasema hiyo ni ishu ya ardhi, ardhi wanasema hati ni halali kama una malalamiko nenda mahakamani, viongozi wa mtaa wao wanasema tuliongea naye ni mtu mzuri tu.

Ila kilichonifanya nikuandikie sio hicho. Stoo yetu na ukuta wa nyuma viko karibu sana na mto, tulijenga mwaka wa pili tulipohamia na kibali hatukuomba. Mume wangu anasema ukiwaleta hao watu wa serikali na tepu zao unadhani watapima upande mmoja tu? Alafu juzi yule jirani akampigia simu, kamwambia kama mnahitaji kifusi nawamwagia gari mbili bure mnyanyue kule nyuma ili maji yasiwasumbue. Mume wangu anaona huo ni wema. Mimi nimekataa, tumegombana, saivi tunaongea kupitia watoto, na anasema nataka kubomoa nyumba yake kwa mdomo wangu.

Mjomba naomba unijibu, hati inaweza kweli kuufanya mto uwe wa mtu mmoja? Na nikishtaki si nitakuwa nimejichoma mwenyewe? Majirani wengine wanasema achana nao mto hauna mwenyewe.

Mama wa Ukingoni

*

Marahaba mpwa wangu, na pole, hasa hiyo ya kuongea kupitia watoto maana watoto huwa wanapunguza maneno na kuongeza mengine.

Nianze na hao wanaosema mto hauna mwenyewe. Wamekosea kidogo tu ila hicho kidogo ndo kinachompa mtu ujasiri wa kuleta tipa. Mto una wenyewe, tatizo lake wenyewe ni wengi na hakuna anayeamka usiku kuulinda. Na hili wala sio jambo la wanaharakati wa juzi. Sheria za Warumi zilizokusanywa chini ya mfalme Justinian mwaka 533 ziliandika kwamba hewa, maji yanayotiririka, bahari na ufuko wake ni vya watu wote kwa asili yake. Waingereza walipombana mfalme wao mwaka 1215 wakamwekea mezani ile Magna Carta, yaani hati ya kumwekea mfalme mipaka, katikati ya madai ya kodi na magereza waliweka kifungu kinachoagiza vizuizi vya kutegea samaki viondolewe mto Thames, mto Medway na Uingereza nzima isipokuwa pwani, kwa sababu mtu alikuwa anajenga kizuizi chake katikati ya mto na mashua za wenzake hazipiti. Kwa hiyo ugomvi wako na huyo bwana una zaidi ya miaka 800, msiuone mpya.

Sasa hati. Hujasema uko nchi gani, kwa hiyo nitakupa yale ambayo utayakuta karibu kila mahali, na mifano ya nchi kadhaa, vifungu vya kwako utamuuliza wakili wa hapo.

Hati ni karatasi inayosema serikali imekupa kitu. Swali la kwanza la sheria sio kama karatasi ni ya kweli au feki, swali ni je huyo aliyekupa alikuwa na uwezo wa kutoa? Kuna kesi moja Marekani mimi naipenda sana. Mwaka 1869 bunge la jimbo la Illinois liliipa kampuni ya reli eneo la zaidi ya ekari elfu moja chini ya maji ya ziwa Michigan, pale mbele ya bandari ya Chicago. Sio karatasi ya karani wa ardhi hiyo, ni sheria ya bunge! Mwaka 1873 bunge likajirudi likafuta, kampuni ikagoma, kesi ikafika mahakama kuu kabisa ya nchi, na mwaka 1892 mahakama ikasema jimbo linashika yale maji na ardhi iliyo chini yake kwa amana kwa niaba ya wananchi, na mtu aliyeshikishwa amana hawezi kuamka asubuhi akamgawia mtu binafsi bandari nzima. Kama bunge zima lilishindwa kuligawa ziwa, huyo aliyechora kiwanja mpaka katikati ya mto ana mamlaka gani?

Wazo hilo la amana limeingia mpaka kwenye katiba za kwetu. Uganda katiba ya mwaka 1995 kwenye ibara ya 237 inasema serikali inashika maziwa, mito na maeneo oevu kwa amana kwa ajili ya wananchi. Kenya katiba ya 2010 inaiweka mito na maziwa kwenye ardhi ya umma, ibara ya 62, na ibara ya 40 inayolinda mali za watu inamalizia kwa kusema ulinzi huo hauihusu mali iliyothibitika kupatikana kinyume cha sheria. Tanzania sheria ya mazingira ya 2004 kifungu cha 57 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto au ufuko wa ziwa. Uganda kuna kanuni za mwaka 2000, mito mikubwa iliyoorodheshwa mita 100 na mingine mita 30. Namba zinatofautiana ila angalia zote zinapima kutoka ukingoni kuja nchi kavu, yaani hata kama kiwanja kingeishia kwenye maji bado kuna kipande cha ukingo ambacho mwenyewe anaweza kuwa nacho kwenye hati na asiruhusiwe kujenga. Wengi hapa ndo wanachanganya, kumiliki ni kitu kimoja na kuruhusiwa kufanya chochote unachotaka ni kingine kabisa.

Hilo la mto umehama wenyewe usilidharau, amekwambia kitu ambacho wakili wake atakuja kukisema kwa maneno mazuri zaidi. Mito inahama kweli. Sheria nyingi tangu hao hao Warumi zinasema mto ukisogea taratibu, mchanga kidogo kidogo mwaka hadi mwaka, mwenye shamba la ukingoni anaweza kufuata ile ardhi iliyoongezeka. Lakini mto ukiruka ghafla kwa mafuriko mipaka kwa kawaida inabaki pale pale ilipokuwa. Na ardhi iliyoongezeka kwa tipa za usiku haimo kwenye kundi lolote kati ya hayo mawili, huwezi kumwaga kifusi mwenyewe alafu ukadai mto umekuachia. Kwa hiyo yeye akisema umehama muulize ulihama lini na ulihama polepole au ghafla, na ramani ya zamani inaonesha nini. Pale ndo huwa wanaanza kukohoa.

Na kuuita mtaro? Hapo mpwa wangu ndo pa kukodoa macho, maana kuna makosa mawili hapa na wewe umeona moja tu. Moja ni kuvamia, kifusi na fensi, hilo kila mtu analiona. La pili ni kubadilisha, na lenyewe linafanyika ofisini kimya kimya, sehemu iliyokuwa inasomeka mto au eneo la wazi kwenye ramani ya mipango inaanza kusomeka makazi na biashara. Kifusi kinakuja baada ya karatasi, na ukipigana na kifusi ukaiacha karatasi atarudi mwakani. Bangladesh, nchi ambayo ni mito mitupu, walitunga sheria mwaka 2000 inayokataza eneo lililotengwa kama bwawa au mto wa asili kwenye mpango wa mji kubadilishwa aina yake, kukodishwa au kuhamishwa kwa namna yoyote. Na mwaka 2019 mahakama yao kuu iliutangaza mto Turag kuwa una haki kama mtu na ikaipa tume ya mito kazi ya kuwa mlezi wake, na ile kesi chanzo chake ni uvamizi huu huu wa kufukia kingo. Kwa hiyo swali lako ofisini sio nisaidieni jirani anafukia mto. Uliza hivi, hili eneo matumizi yake yalibadilishwa tarehe ngapi, na nani, tangazo kwa umma lilibandikwa wapi, na kuna tathmini ya athari kwa mazingira? Mto kukauka kiangazi wala usikutie wasiwasi, mto wa msimu unabaki mto, na sehemu nyingi ukingo unapimwa pale maji yanapofika yakiwa mengi.

Kuhusu kuzungushwa, kila ofisi ilikwambia ukweli nusu. Mazingira kweli wana kazi hapo, maji wana kazi, ardhi wana kazi, na kila mmoja akisikia kuna mwenzake anapumua. Dawa yake ni barua moja. Andika moja tu, kurasa mbili basi, uielekeze kwa wote watatu pamoja na mipango miji na majina yao yote yaonekane pale juu, upeleke kwa mkono, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa na tarehe. Usikubali wakikwambia niachie hapo mezani mama. Bila muhuri hujawahi kwenda. Mkiwa majirani kumi mmesaini ni vizuri zaidi, pia inakuwa vigumu mtu kusema ni yule mama tu ana wivu na kiwanja cha mwenzie.

Ambatanisha picha. Simama sehemu moja kila mara, mimi ningesimama darajani, upige kila baada ya siku mbili ili mtu aone mto unavyopungua bila maelezo. Picha za satelaiti za miaka ya nyuma zipo mtandaoni bure, mtoto yeyote wa hapo kwako atakutolea, ziprinti. Ramani ya zamani ya upimaji omba ofisi ya ardhi, na ufanye upekuzi wa kile kiwanja kwenye rejista ujue kiligawanywa kutoka kwenye kiwanja gani cha mwanzo. Mzee aliyeishi hapo miaka arobaini aape kiapo cha maandishi kwamba hapa palikuwa na mto na njia ya watu. Namba za tipa andika ukiwa dirishani kwako, usitoke usiku kwenda kusimama mbele ya gari, nakuomba sana, wanaoleta kifusi saa nane za usiku sio watu wa kubishana nao barabarani.

Na usikae unasubiri majibu miezi. Huyu bwana anashindana na muda. Kila tipa inayomwagwa inamnunulia hoja ya nimeshatumia hela nyingi hapa jamani. Mpe kila mtu wiki mbili kwenye barua, kimya kikiendelea tafuta wakili au shirika la msaada wa kisheria mwombe zuio la muda mahakamani, zuio linasimamisha kazi wakati kesi inasikilizwa na kwa kesi kama hii ndo kitu cha thamani kuliko hata hukumu. Kama mnataka kuishtaki serikali yenyewe uliza mapema kuhusu notisi, Tanzania kwa mfano ni siku 90 kabla ya kufungua, na siku 90 za tipa tano kwa usiku hesabu mwenyewe. Pia usiogope ukiambiwa wewe umeathirika nini, Kenya ibara ya 70 inasema anayekwenda mahakamani kutetea haki ya mazingira hahitaji kuonesha kwamba kuna mtu amepata hasara, na nchi kadhaa zimeshaelekea huko.

Haya, tuje kwa mume wako, nimemweka mwisho sio kwa sababu ni mdogo.

Hofu yake ni ya kweli mpwa, usimcheke. Wakija na tepu watapima pande zote mbili, na stoo isiyo na kibali iliyo ukingoni inaweza kuondoka. Sitakudanganya kwamba miaka saba imewasaidia, nchi nyingi ardhi ya umma haipatikani kwa kukaa muda mrefu. India kuna kesi ya mwaka 2011 kutoka kijiji kimoja cha Punjab, watu walilifukia bwawa la kijiji wakajenga nyumba, kiongozi wa wilaya akaona tayari wametumia gharama kubwa basi walipie tu ile ardhi yaishe. Mahakama ya juu ikakataa katakata, ikasema kutumia fedha nyingi au kukaa muda mrefu sio sababu ya kuhalalisha, na ikaziagiza serikali za majimbo yote ziandae mipango ya kuwaondoa wavamizi wa ardhi za pamoja za vijiji. Hukumu hiyo inamkata jirani yenu, na inakukata na wewe kipande. Ndio ilivyo.

Ila mwambie afikirie maji yanavyotembea. Mvua ile ile iliyokuwa inapita kwenye mto mzima sasa itapita kwenye nusu. Maji hayapungui kwa sababu njia imepungua, yanapanda juu na kukimbia zaidi, na yatakwenda upande ulio chini. Huyo bwana kanyanyua upande wake. Upande ulio chini ni upi? Ni wa stoo yenu. Na sio stoo tu, mto uliobanwa unachimba ukingo wa pili kwa chini, ukuta unaweza kusimama miaka miwili mkiuona mzima kumbe chini hakuna kitu. Kwa hiyo hesabu yake ya kwamba ukinyamaza nyumba inabaki ina kasoro, mnachagua kati ya kupoteza stoo mkijua na kupoteza zaidi ya stoo usiku mmoja wa mvua.

Zile gari mbili za bure msizipokee. Kabisa. Mkizimwaga tu nanyi mmefukia mto, na ushahidi wa picha mtakuwa mmempelekea wenyewe, siku ya kesi atasema mheshimiwa hata hawa wanaolalamika nilishirikiana nao. Mimi naona ndo maana alimpigia mumeo na sio wewe. Na pande zote mbili zikinyanyuliwa maji yanakwenda kwa wa juu yenu na wa chini yenu, ambao hao hawajapigiwa simu na mtu.

Ningekuwa mimi ningefanya hivi, kabla barua haijaenda pimeni wenyewe wawili na tepu, wewe ushike huku yeye ashike kule, kutoka ukingo mpaka kwenye stoo na mpaka kwenye ukuta wa nyumba kubwa. Mjue kilicho hatarini ni kitu gani hasa, maana nimesoma barua yako mara tatu na nyumba yenyewe hujasema iko ndani, umesema stoo na ukuta wa nyuma, yeye ndo anasema nyumba. Kama nyumba iko nje ya kipimo cha nchi yenu basi mnagombana kwa ajili ya stoo. Ikiwa ndani, hapo mwoneni wakili kwanza muulize kuhusu majengo yaliyokuwepo, maana kuna sehemu sheria inatofautisha nyumba ya zamani na kifusi cha jana. Alafu stoo ihamisheni nyie wenyewe, mapema, na kwenye barua mwandike sentensi moja kwamba sisi tumeshaondoa chetu tarehe fulani. Ofisa akisoma hiyo hana pa kuwakamatia, na jirani akianza kusema na wao wamejenga atajibiwa wao walikuwa na stoo na wameiondoa, wewe je?

Kama hataki hata kushika tepu, usimlazimishe, saini barua na majirani wewe kama wewe, una haki hiyo bila ruhusa ya mtu. Ila mwambie kabla hujaipeleka, asije akaisikia kwa jirani.

Picha ya kwanza kapige leo jioni kabla mwanga haujaisha. Barua ikishagongwa muhuri nitumie nakala nikuangalizie, majina yafute.

Mjomba wako